Habari ya Ugonjwa ni ya Nani?

"Dokta, tafadhali usimwambie." Katika miaka yangu ya kazi hospitalini hakuna ombi nililolisikia mara nyingi kama hili. Husemwa kwa sauti ya chini nje ya mlango wa wodi, na mtoto wa mgonjwa, au mke, au kaka, wakati mwingine mkwe aliyetumwa na ukoo mzima. Majibu ya kipimo cha kinyama kilichokatwa mwilini mwa mgonjwa yameshatoka, yamo ndani ya faili nililoshika, na mtu ninayeombwa nimfiche amelala hatua chache kutoka tulipo, anasubiri.

Nilipokuwa mwanafunzi nilidhani mitihani mikubwa ya maadili itakuwa ile ya kuzima au kutozima mashine ya kupumulia. Ipo, na ni mizito. Lakini uamuzi ule hupitia kwa watu wengi, kuna vikao, kuna maandishi, kuna bingwa wa kumpigia simu. Mambo yaliyoninyima usingizi ni yale yanayomkuta daktari akiwa peke yake kwenye korido: nani aambiwe nini, nani afichwe nini, na kwa faida ya nani. Ndiyo ninayotaka kuyaandika hapa. Wagonjwa nitakaowataja nimebadilisha mambo yao kiasi kwamba hata wao wakisoma wasijitambue, kwa sababu siri zao bado ni zao.

Wanaoomba tufiche si watu wabaya. Wengi wao ndio haohao wanaolala kwenye viti vya wodi, wanaonunua dawa, wanaomgeuza mgonjwa usiku asipate vidonda vya mgongo. Wanaogopa kwamba akijua atakata tamaa, ataacha kula, atakufa kabla ya siku zake. Na hofu hiyo hawakuibuni wao. Sisi madaktari tuliifundisha kwa karne nyingi. Waganga wa Ugiriki ya kale waliusiwa kumficha mgonjwa mengi wakati wa kumhudumia. Kanuni za Chama cha Madaktari wa Marekani za mwaka 1847 zilimtaka daktari ajiepushe na neno au tendo lolote linaloweza kumvunja mgonjwa moyo. Hata wafalme walifichwa. George wa Sita wa Uingereza aliondolewa pafu la kushoto Septemba 1951 kwa sababu ya saratani. Taarifa kwa umma ilizungumzia mabadiliko katika pafu, na inaaminika kwamba mwenyewe hakuambiwa jina la ugonjwa hadi alipofariki Februari 1952.

Mwaka 1961 madaktari wa Marekani waliulizwa kuhusu jambo hili, na karibu 90 katika kila 100 wakasema hupendelea kutomwambia mgonjwa kwamba ana saratani. Swali hilo liliporudiwa na majibu kuchapishwa mwaka 1979, zaidi ya 95 katika kila 100 walisema hupendelea kumwambia. Taaluma nzima iligeuka ndani ya miaka isiyofika 20. Sehemu ya sababu ni kwamba dawa zenyewe zilibadilika. Huwezi kumwambia mtu aje kila wiki achomwe dripu ya kumtapisha na kumnyonyoa nywele, halafu ukamwambia ana vidonda vya tumbo. Sehemu nyingine ilitokana na kesi ya Nuremberg, ya madaktari wa Kinazi wa Ujerumani waliowafanyia watu majaribio kwa nguvu, ambako mwaka 1947 majaji waliandika kwamba hakuna anayeweza kufanyiwa majaribio bila ridhaa yake mwenyewe, na wazo hilo la ridhaa likatoka kwenye majaribio likaingia polepole kwenye matibabu ya kila siku. Na ridhaa ya mtu asiyejua anachokiridhia si ridhaa.

Kwa hiyo siku hizi ndugu wakiniomba, nina jibu moja ambalo sijapata bora kuliko hilo: "Sitamlazimisha kujua asichotaka kujua. Lakini akiniuliza, sitamdanganya." Wengine hulikubali. Wengine huniona sina huruma.

Mzee mmoja aliletwa kwetu akiwa na macho ya njano na amekonda. Ilikuwa saratani ya kongosho, tayari imeshafika kwenye ini. Wanawe walinizuia mlangoni, na mkubwa wao, mtu mzima mwenye familia yake, alilia mbele yangu. Nikawapa jibu langu. Kisha nikaingia, nikavuta kiti, nikakaa. Kukaa ni jambo kubwa, kwani mgonjwa hawezi kumwuliza swali la maana mtu aliyesimama kama anayetaka kuondoka. Nikamuuliza, "Mzee, wewe mwenyewe unaionaje hali yako? Na ungependa nikueleze kwa kiasi gani?"

Swali hilo la pili sikulibuni mimi. Mwaka 2000 madaktari wa saratani walichapisha utaratibu wa hatua sita wa kutoa habari nzito, na hatua mojawapo ni kumwomba mgonjwa mwenyewe aseme anataka kujua kiasi gani kabla hujafungua mdomo. Nilipoufundishwa niliuona kama utaratibu wa kiofisi. Mzee yule ndiye aliyenionyesha kazi yake. Alinyamaza, akanitazama, akasema: "Mwanangu, niambie kitu kimoja tu. Nina muda wa kufunga hesabu zangu?"

Nikamwambia muda upo, lakini ni mfupi, na asiahirishe. Hakuuliza jina la ugonjwa siku hiyo, aliliuliza baadaye. Alikuwa na madeni yasiyo na karatasi, ya kudai na ya kudaiwa, na shamba lililoandikwa jina la mdogo wake kwa makubaliano ya mdomo. Siku zilizofuata kitanda chake kilikuwa kama ofisi. Watu waliingia wakatoka, kukaandikwa, kukatiwa sahihi, wasia ukasomwa mbele ya mashahidi. Tulimpa mofini ya kutosha ili awe na utulivu wa kuongea, tukipima dozi kwa uangalifu ili asilale usingizi wa mchana kutwa. Yule mwanawe mkubwa alikuja baadaye kunishukuru. Mdogo wake hakuja. Anaamini mpaka leo kwamba baba yao angeishi zaidi kama ningenyamaza, na mimi sina neno litakalomtoa kwenye imani hiyo. Ninachojua ni kwamba madeni yale yangeangukia mikononi mwa watoto bila mtu wa kuyaeleza.

Lakini nisieleweke kwamba dawa ya kila kitu ni kusema. Kuna wanaotaka kutojua, na hiyo nayo ni haki. Tamko la Lisbon la Chama cha Madaktari Duniani, la mwaka 1981 na lililorekebishwa baadaye, linatambua kwamba mgonjwa anaweza kuomba waziwazi asiambiwe, isipokuwa pale uhai wa mtu mwingine unapohitaji ulinzi, na kwamba anaweza kumchagua mtu wa kuambiwa kwa niaba yake. Nilimhudumia mama aliyenikatiza sentensi ya kwanza: "Mambo hayo ongea na dada yangu. Mimi niambie nile nini na ninywe nini." Tofauti yake na wale wa korido ni kwamba yeye mwenyewe ndiye aliyesema. Hakuna aliyemsemea.

Shida ilikuja kwenye fomu ya ridhaa. Dawa za saratani haziwekwi mwilini mwa mtu kwa saini ya dada yake wakati yeye ana akili timamu. Tulizunguka jambo hilo siku kadhaa, mimi, muuguzi kiongozi wa wodi na mnasihi. Mwishowe tukakubaliana naye hivi: nitamweleza kila dawa itamfanya nini, itamsumbua wapi, lini aje hospitali haraka, na kwamba anaweza kukataa wakati wowote. Jina la ugonjwa na takwimu za kupona vitabaki kwa dada. Kuna wenzangu waliosema ridhaa hiyo ina kilema. Mimi niliona kwamba amekubali kile atakachofanyiwa, akijua kwamba kuna jambo hajaambiwa na akijua ni nani analo. Alimaliza nusu ya matibabu kabla ya kuniuliza, siku ya kliniki, kwa sauti ya kawaida kabisa, "Hivi nina nafasi gani?" Nikamjibu.

Hapo mambo bado ni mepesi, kwa sababu habari ni ya mtu mmoja na madhara ni yake. Panapouma ni pale habari ya mmoja inapogusa uhai wa mwingine.

Mwanamume alilazwa na homa ya uti wa mgongo inayosababishwa na fangasi, ugonjwa ambao humpata sana mtu ambaye VVU vimeshaila kinga yake bila kujulikana. Tukapima, alikuwa navyo. Mkewe alikuwa akija asubuhi na jioni, anamwogesha, anamlisha, anakunja nguo zake. Mgonjwa alipopata nafuu ya kuongea, jambo la kwanza aliloniambia ni: "Dokta, hii ni yangu na wewe. Ulikula kiapo." Na ni kweli nilikula. Tamko la Geneva, ambalo madaktari wengi duniani huliapa kwa namna moja au nyingine tangu mwaka 1948, linasema nitaheshimu siri nilizokabidhiwa. Jioni ileile mkewe alinifuata karibu na meza ya wauguzi: "Dokta, mume wangu ana nini hasa?"

Ukimwambia, umevunja siri, na kesho wagonjwa wengine hawatakwambia ukweli wao. Usipomwambia, kila siku inayopita ni siku ambayo yeye huenda anaumwa bila kujua, bila dawa, na kama ni mjamzito, mtoto naye yumo hatarini. Nilijibu hivi: "Uguzi wako unamsaidia sana. Mwulize yeye mwenyewe, na mkitaka niwepo, nitakuwepo." Sikuongopa, lakini niliona usoni mwake kwamba amesikia kile nisichosema.

Usiku huo nilirudia kusoma kesi ambayo kila anayesomea maadili ya tiba huipitia. Mwaka 1969 huko California kijana alimwambia mtaalamu aliyekuwa akimtibu akili kwamba anakusudia kumuua msichana fulani. Polisi wa chuo waliarifiwa, wakamshika kijana kwa muda na kumwachia. Msichana na wazazi wake hawakuonywa na mtu. Aliuawa. Mwaka 1976 Mahakama ya Juu ya jimbo hilo ikaamua kwamba mtaalamu ana wajibu wa kumlinda mtu anayetishiwa, hata kama siri itaathirika. Nchi nyingi zimejifunza kutokana na kesi hiyo, lakini zimeandika sheria zisizofanana, hasa kwa VVU. Pengine daktari anaruhusiwa kumwambia mwenza baada ya hatua fulani, pengine anakatazwa kabisa. Daktari asiyeijua sheria ya mahali anapofanyia kazi atawadhuru wote wawili. Hilo nawaambia vijana wetu wa mafunzo kila wanapoanza zamu za wodi.

Kesho yake nilimwuliza yule mwanamume anaogopa nini. Alisema anaogopa kuachwa. Hakuwa na taarifa kwamba mtu anayemeza dawa za kufubaza virusi vizuri, mpaka virusi visionekane kwenye kipimo cha damu, hamwambukizi mwenzake kwa kujamiiana. Hakujua kwamba mkewe akikutwa hana maambukizi zipo dawa za kumkinga, na akikutwa nayo zipo za kumtibu. Aliijua VVU ya zamani, ile iliyokuwa hukumu. Nikamweleza pia njia ambazo Shirika la Afya Duniani lilizipendekeza mwaka 2016 za kumsaidia mgonjwa kumjulisha mwenza: aseme mwenyewe, aseme tukiwapo, au atupe ridhaa tuseme sisi. Na nikamwambia, hili lilinikaa vibaya mdomoni kwa kuwa alikuwa bado dhaifu, kwamba kabla hajaruhusiwa kwenda nyumbani lazima tuwe tumefika mahali, la sivyo nitalipeleka suala kwenye kamati ya maadili ya hospitali na nitafuata sheria inavyosema. Sikutaka kulifanya hilo nyuma ya mgongo wake.

Alichagua kusema tukiwapo, mimi na mnasihi. Alisema kwa sentensi moja, akageukia ukutani. Mkewe alikaa kimya kwa muda mrefu, kisha akaomba apimwe siku hiyohiyo. Majibu yake siyaandiki hapa.

Kama ningeishia kwa hao wawili ningekuwa nimewadanganya wasomaji, kwa sababu baada yao alikuja mwanamke mwenye habari ileile na hofu tofauti kabisa. Yeye hakuogopa kuachwa. Aliogopa kupigwa, na alama za kipigo cha nyuma zilikuwa mwilini. Kwake kanuni ya "mwenza lazima aambiwe kabla hujatoka" ingeweza kumuua. Hapo tulipindua mpangilio. Tulianza na usalama: ndugu gani anamwamini, atakwenda wapi likitokea la kutokea, nani ana namba yake. Tukamwanzishia dawa upesi, kwa sababu dawa zenyewe zinapopunguza virusi zinamlinda na mume pia, na hivyo hatari inapungua huku muda wa kutafuta njia ukipatikana. Wapo watakaosema mume naye alikuwa na haki yake. Alikuwa nayo. Lakini nikipima kati ya haki ya mtu kujua leo badala ya baadaye, na mbavu za mtu mwingine, najua nitaegemea wapi, na sitaona haya kulieleza hilo mbele ya kamati yoyote.

Siri haiishi kwa kifo. Tangu mwaka 1968 Tamko la Geneva linasema hivyo waziwazi: hata baada ya mgonjwa kufariki. Watoto huja na maswali baada ya mazishi, na mara nyingi siwezi kuwajibu. Yapo magonjwa machache ambayo ukimya huo unakuwa mgumu mno. Kuna aina ya vinyama vya utumbo mpana ambayo mzazi humrithisha mtoto kwa uwezekano wa nusu kwa nusu, na asipofuatiliwa karibu kila aliyerithi huishia kupata saratani, mara nyingi kabla ya uzee. Uchunguzi huanza mtoto akiwa na miaka kati ya 10 na 15. Kwa hiyo baba mwenye ugonjwa huo hatumsubiri afe ndipo tuanze kujiuliza. Swali analipata akiwa hai na akili zake: nani kati ya watoto wako ataambiwa, na nani atamwambia? Wengi wakiulizwa mapema hukubali. Wachache hukataa, na hapo narudi tena kwenye sheria na kamati, kwa moyo mzito.

Kuna habari nyingine ambayo ni ya mgonjwa ingawa tunapenda kujifanya ni yetu. Ni habari ya kosa letu.

Mwenzangu mmoja, daktari hodari ninayemheshimu, alikuwa zamu usiku wenye msongamano. Aliandika sindano ya jamii ya penisilini kwa mgonjwa ambaye ukurasa wa kwanza wa faili lake ulisema ana mzio wa dawa hizo. Muuguzi wa mapokezi alikuwa ameuliza dada wa mgonjwa na kuandika. Dakika chache baada ya sindano, uso wa mgonjwa ulivimba, presha ikashuka, pumzi ikaanza kukwama. Mwenzangu alikuwa karibu, akamchoma adrenalini pajani, akaweka oksijeni na dripu, hakuondoka pale mpaka hatari ilipopita. Asubuhi mgonjwa alikuwa amekaa kitandani. Ndugu wakaja wakamshika mwenzangu mikono, wakamwombea baraka. "Umemrudisha mtu wetu, dokta."

Alinifuata akiwa amepauka. Aliniambia shukrani zile zilimchoma kuliko kama wangemtukana.

Hoja za kunyamaza alizijua zote, na mimi nazijua: mgonjwa yuko salama, kusema kutaleta mashtaka, jina lake litaharibika, wodi itapoteza imani ya watu. Nilimkumbusha kwamba hospitali za Chuo Kikuu cha Michigan zilianza mwaka 2001 kuwaeleza wagonjwa makosa kwa uwazi, kuomba radhi na kutoa fidia, na mashtaka yakapungua badala ya kuongezeka. Lakini nikamwambia pia kwamba hata kama yangeongezeka, nisingebadili ushauri wangu. Mgonjwa yule akitoka hapa akiamini alipatwa tu na tatizo la ghafla, siku moja atapewa dawa ileile kwenye zahanati isiyo na adrenalini wala mtu wa kukimbia. Habari ya kilichomtokea ni kinga yake, na kinga ya mtu huwezi kuifungia kwenye droo yako kwa sababu imeandikwa kwa aibu yako.

Tulikwenda pamoja. Mwenzangu alisema yote, kwamba mzio uliandikwa, kwamba hakuusoma, kwamba yeye ndiye aliyeandika sindano. Aliomba radhi bila kutaja uchovu wala wingi wa wagonjwa. Mgonjwa alisikiliza mpaka mwisho, akauliza, "Inaitwaje hiyo dawa? Niandikie." Mwenzangu akamwandikia kwenye kadi yake kwa herufi kubwa: penisilini, amoksilini, ampisilini, na nyingine za jamii hiyo. Dada yake akaipiga picha kwa simu. Kisha dada huyo, sauti ikimtetemeka kwa hasira, akauliza ofisi ya malalamiko iko wapi. Mwenzangu akamsindikiza hadi mlangoni mwa ofisi hiyo, halafu akaenda kuandika maelezo yake mwenyewe kabla hajaitwa na mtu.